Nguvu za Tiranosau: Neno Moja Halitoshi

Miongoni mwa maneno tunayoyatumia ovyo katika maandishi yetu ya Kiswahili, neno "nguvu" lastahili kutajwa mbele ya mengine. Mwanamiereka ana nguvu, dawa ina nguvu, hoja ina nguvu, injini ina nguvu, na serikali nayo ina nguvu. Katika mazungumzo ya kila siku hilo si kosa. Lugha yoyote iliyo hai huwa na maneno mapana ya aina hiyo, na upana wenyewe ni sehemu ya utamu wake. Tatizo huzuka pale mwandishi anapoingia katika uwanja wa sayansi akiwa na neno hilo moja tu mkobani, kisha akalitarajia limfanyie kazi ya maneno sita. Makala haya yanakusudia kulionyesha tatizo hilo kwa mfano ambao yamkini wasomaji wengi wa jarida la Kiswahili hawakuutarajia: dinosau mla nyama aliyeishi magharibi mwa Amerika Kaskazini na kutoweka takriban miaka milioni 66 iliyopita, yaani Tyrannosaurus rex, ambaye kuanzia hapa nitamwita tiranosau.

Nimemchagua mnyama huyu kwa kuwa hakuna mtoto wa shule asiyemjua, na kwa kuwa kila anapoandikwa kwa Kiswahili huelezwa kwa maneno yale yale: alikuwa jitu, alikuwa zimwi la kale, alikuwa na nguvu za ajabu. Msomaji humaliza kusoma akiwa amestaajabu lakini hajajifunza kitu. Ilhali katika muda wa miaka thelathini hivi watafiti wamezipima nguvu hizo moja baada ya nyingine, na matokeo yao hayakubaliani hata kidogo na picha ya zimwi lililokuwa hodari wa kila jambo. Kwa kipimo kimoja tiranosau ni bingwa asiye na mshindani kati ya wanyama wa nchi kavu wanaojulikana. Kwa kipimo kingine angeachwa nyuma na mbwa koko.

Tuanze na jina lenyewe. Mifupa iliyompa mnyama huyu jina ilichimbuliwa na Barnum Brown huko Montana, Marekani, mwaka 1902, na jina likatolewa na Henry Fairfield Osborn mwaka 1905. Sehemu ya kwanza ni ya Kigiriki na sehemu ya pili ni ya Kilatini, na yote kwa pamoja yana maana ya mjusi dhalimu aliye mfalme. Mwanafunzi wa fasihi ataitambua mara moja mbinu iliyotumika hapa: hii ni lakabu, na tena lakabu ya majigambo. Osborn hakuwa amepima kitu chochote isipokuwa ukubwa wa mifupa, lakini alimpa mnyama wake ufalme na udhalimu kwa mpigo. Tangu siku hiyo watu wamekuwa wakimtafutia mfalme huyo sifa za kulistahili jina lake. Ninalitaja hili ili tusije tukadhani kwamba chuku ni ugonjwa wa Waswahili peke yao.

Ukubwa wake ndio jambo lililo rahisi kuthibitishwa. Mifupa inayoitwa Sue, iliyogunduliwa na Sue Hendrickson huko South Dakota mwaka 1990 na ambayo sasa imo katika makumbusho ya Field mjini Chicago, ina urefu wa zaidi ya mita 12 kutoka puani hadi ncha ya mkia, na kimo cha karibu mita 4 penye nyonga. Tukifika kwenye uzito mambo hubadilika. Mnyama aliyekufa zamani za kale hapandishwi kwenye mizani, kwa hiyo watafiti hupima mzingo wa mfupa wa paja, au huunda umbo lake kwa kompyuta, kisha hukadiria. Tiranosau aitwaye Scotty, aliyepatikana Saskatchewan nchini Kanada, alikadiriwa mwaka 2019 kuwa na kilo 8,870. Wanafizikia wa Kiswahili wana neno zuri hapa, nalo ni "tungamo," kiasi cha maada iliyomo katika kitu, ambacho hakibadiliki hata kitu hicho kikipelekwa mwezini. Uzito ni jinsi dunia inavyoivuta maada hiyo. Tofauti hii huonekana ya kibwege hadi tutakapofika kwenye miguu ya tiranosau.

Sasa mdomo. Hapa ndipo sifa za mnyama huyu zilipo, na hapa ndipo neno "nguvu" linapoanza kuyumba.

Mwaka 1996 Gregory Erickson na wenzake walichunguza mfupa wa nyonga wa Triceratops, dinosau mla majani mwenye pembe tatu, uliokuwa na mashimo ya meno ya tiranosau. Wakatengeneza jino la madini lenye umbo lile lile, wakalisukuma kwa mashine ndani ya nyonga ya ng'ombe hadi likatoboa shimo la kina sawa na yale ya mfupani. Kani iliyohitajika ilifikia nyutoni 13,400, ambayo ni sawa na kulaza juu ya ncha ya jino mzigo wa zaidi ya kilo 1,300. Na hapo walikuwa wamepima kitendo kimoja tu cha kung'ata, pengine cha mnyama aliyekuwa akila bila haraka. Haikuwa lazima mnyama awe ametumia uwezo wake wote. Baadaye, mwaka 2012, Karl Bates na Peter Falkingham waliijenga upya misuli ya taya kwa kompyuta wakapata makadirio ya kati ya nyutoni 35,000 na 57,000 kwa jino moja la nyuma. Mwaka 2017 Paul Gignac akishirikiana na Erickson walikuja na makadirio ya chini kuliko hayo, kati ya 8,526 na 34,522. Kwa kulinganisha, mamba wa maji ya chumvi, ambaye ndiye mnyama aliye hai aliyepatikana na mng'ato mkubwa zaidi uliowahi kupimwa kwa kifaa, alifikia nyutoni 16,414.

Ninaomba msomaji atazame jinsi nilivyolitumia neno "kani" hapo juu. Sikulitunga mimi. Limo katika kamusi ya biolojia, fizikia na kemia iliyotolewa na Taasisi ya Uchunguzi wa Kiswahili ya Chuo Kikuu cha Dar es Salaam mwaka 1990, na kabla ya wanafizikia kulichukua lilikuwa tayari neno la Waswahili wenyewe. Mtu aliyeng'ang'ania jambo bila kulegea husemwa ameshika kani. Ni neno lenye kitu kinachosukuma ndani yake, na kwa kweli silijui neno linalofaa zaidi kwa taya zisizoachia.

Lakini kani peke yake haituelezi kwa nini mfupa ulipasuka. Tembo akikanyaga udongo hutumia kani kubwa sana, na udongo hudidimia kidogo tu, kwa kuwa unyayo wake ni mpana. Mwanamke aliyevaa kiatu chenye kisigino chembamba anaweza kuacha shimo kwenye sakafu ya mbao bila kukusudia. Kinachotofautisha ni eneo ambalo kani inaangukia, na Kiswahili kimeliunganisha wazo hilo lote katika neno moja, "kanieneo." Mtu asiyewahi kuingia darasa la fizikia akiambiwa kwamba kanieneo ni kani iliyogawanywa juu ya eneo, ataelewa kutokana na neno lenyewe, jambo ambalo istilahi ya Kiingereza haimfanyii Mwingereza. Ncha ya jino la tiranosau ilikuwa na eneo dogo sana, na utafiti ule wa 2017 ulikadiria kwamba kanieneo hapo ilifikia megapaskali 2,974, kiasi kinachotosha kuupasua mfupa mkubwa kuanzia ndani. Wakati wa kula, mnyama huyu hakuizunguka mifupa. Aliimeza pamoja na nyama. Kinyesi chake kilichogeuka jiwe, ambacho kilipatikana Saskatchewan na kuelezwa mwaka 1998, kina urefu wa sentimita 44 na kimejaa vipande vya mifupa ya dinosau mchanga mla majani.

Kuna jambo la tatu tena, nalo ni wenzo. Fundi cherehani akitaka kukata kitambaa kigumu hukisukuma ndani kabisa ya mkasi, karibu na pini, kwa sababu anajua bila kufundishwa kwamba ncha za mkasi hazina uwezo huo. Taya ni mkasi wa aina hiyo. Jino la nyuma lililo karibu na egemeo hupata kani kubwa kuliko jino la mbele, kwa misuli ile ile na kwa mnyama yule yule. Kwa hiyo mtu akiuliza, "Tiranosau aling'ata kwa nguvu kiasi gani?" jibu la kwanza la mtaalamu ni swali: kwa jino lipi? Ni rahisi kuona kwa nini magazeti hulipenda lile tarakimu la 57,000 na kuliacha lile la 8,526, ingawa yote mawili yana wenyewe.

Tuuache mdomo tuitazame miguu. Katika filamu ya Jurassic Park ya mwaka 1993, tiranosau analikimbiza gari usiku huku abiria wakipiga mayowe. Picha hiyo imekaa akilini mwa watu kuliko kitabu chochote. Mwaka 2002 John Hutchinson na Mariano Garcia walifanya hesabu ya misuli ambayo mnyama wa ukubwa huo angeihitaji ili akimbie kwa kasi kama ile, na wakagundua kwamba misuli ya miguu yake ingelazimika kuwa asilimia 86 ya tungamo la mwili mzima. Isingebaki nafasi ya kichwa, tumbo wala mkia. Watafiti hao walimtumia hata kuku: walionyesha kwamba kuku, ambaye hukimbia vizuri sana uani, akikuzwa hadi afikie ukubwa wa tiranosau hataweza kukimbia kabisa.

Sababu ni ya kihesabu na inafaa kusimuliwa, maana ndiyo inayowaua majitu wote wa ngano. Ukimkuza mnyama hadi urefu wake uwe mara mbili, upana wake mara mbili na kimo chake mara mbili, tungamo lake huwa mara nane. Lakini uwezo wa msuli hutegemea unene wake unapokatwa kati, na unene huo huongezeka mara nne tu. Kadiri anavyokuwa mkubwa ndivyo anavyozidi kudhoofika akilinganishwa na mzigo wa mwili wake mwenyewe. Siafu hubeba mzigo unaomshinda kwa ukubwa. Tembo hawezi kuruka hata mara moja, na hata anapokwenda mbio miguu yake minne haiachi ardhi yote kwa pamoja. Tiranosau alikuwa upande wa tembo. Uchunguzi wa mwaka 2017 ulioongozwa na William Sellers wa Manchester uliongeza kwamba si misuli tu, bali hata mifupa ya miguu ingekuwa katika hatari ya kuvunjika kama mnyama huyo angejaribu kukimbia kwa maana halisi ya neno hilo. Nacho kikundi cha Uholanzi kilichoongozwa na Pasha van Bijlert, kwa kuchunguza jinsi mkia ulivyonesanesa wakati wa kutembea, kilikadiria mwaka 2021 kwamba mwendo wake wa kawaida ulikuwa kama kilomita 4.6 kwa saa. Huo ni mwendo wa mtu anayetoka bwenini kwenda darasani akiwa hajachelewa.

Hata hivyo tusimgeuze kuwa kobe. Mwaka 2019 Eric Snively na wenzake walionyesha kwamba jamii ya tiranosau, kwa sababu ya mwili mfupi ulioshikamana na misuli mikubwa ya nyonga, ingeweza kugeuka upande kwa haraka kuliko dinosau wengine wala nyama wa tungamo sawa. Kwa Kiswahili tunaweza kusema hakuwa na kasi ila alikuwa na wepesi, na sentensi hiyo inatosha kabisa. Anayeandika kwamba alikuwa na "nguvu za kukimbia" au "nguvu za kugeuka" anayafunika mambo mawili tofauti kwa shuka moja.

Nimefikia suala linalonigusa zaidi, kwa kuwa linahusu fasihi simulizi yetu. Katika miaka ya 1990, Jack Horner, mtafiti mashuhuri wa Montana, alisisitiza kwamba tiranosau hakuwa mwindaji bali mla mizoga: mikono mifupi, mwendo wa taratibu, pua yenye uwezo mkubwa wa kunusa, meno ya kuvunja mifupa. Hoja hiyo ilizua kelele nyingi, na nusu ya kelele hizo ilitokana na hisia. Watu walihisi mfalme ametukanwa. Kumwita mla mizoga kulikuwa kama kumwita fisi, na fisi, katika Kiingereza kama katika Kiswahili, hana heshima.

Sisi ndio wa mwisho tunaostahili kukubali hisia hiyo bila kuihoji. Katika ngano zetu fisi ni mlafi, mwoga na mjinga, naye simba ni shujaa hata anaposhindwa na sungura. Hans Kruuk alikaa Serengeti na Ngorongoro katika miaka ya 1960 akiwafuatilia fisi usiku, na aliyoyaona yalikuwa tofauti. Fisi madoa waliwinda wenyewe sehemu kubwa ya chakula chao. Huko Ngorongoro, mara kwa mara simba waliokutwa asubuhi juu ya mzoga walikuwa wamewapora fisi waliouua mnyama huyo usiku, na fisi waliokuwa wakizunguka pembeni, ambao mtalii aliwadhani waombaji, walikuwa wenye mali. Wala sisemi ngano zifutwe. Fisi wa ngano ni mhusika, na mhusika hapimwi kwa utafiti wa nyikani. Ninachosema ni kwamba mwandishi wa sayansi kwa Kiswahili hana budi kujua ni fisi yupi anayemwandika, maana neno ni moja na wanyama ni wawili.

Ushahidi kuhusu tiranosau ulikuja kwa njia ambayo mtu angeweza kuidhania hadithi. Mwaka 2013 Robert DePalma na wenzake walieleza pingili mbili za mkia wa dinosau mla majani wa jamii ya mdomo-bata kutoka South Dakota. Kati ya pingili hizo kulikuwa na ncha ya jino la tiranosau, na mfupa ulikuwa umekua ukalizunguka jino lile. Mfupa haukui kwa mnyama aliyekufa. Maana yake ni kwamba mnyama huyo aling'atwa akiwa hai, akaponyoka, akaishi muda wa kutosha kidonda kupona, akitembea na jino la adui yake mkiani. Uwindaji ulioshindikana ndio uliotuthibitishia kwamba tiranosau aliwinda, kwa sababu ule uliofaulu haukuacha jeraha la kupona. Leo watafiti wengi humwona kama simba au fisi wa kweli: aliwinda alipoweza, na alipokuta mzoga hakuupita.

Kuhusu mikono sina mengi. Ilikuwa na urefu wa mita moja hivi na vidole viwili, na mzaha juu yake hauishi. Kenneth Carpenter na Matt Smith walikadiria mwaka 2001 kwamba mkono mmoja ungeweza kuinua karibu kilo 199, mzigo ambao mpagazi yeyote wa Kongowea angeukataa. Ulikuwa mfupi, haukuwa dhaifu. Hayo ni mambo mawili. Macho nayo yalitazama mbele, na Kent Stevens alionyesha mwaka 2006 kwamba eneo lililoonwa na macho yote mawili kwa pamoja lilikuwa na upana wa nyuzi 55, jambo lililompa uwezo wa kukadiria umbali. Wale wahusika wa filamu waliosimama tuli wakitumaini hataona wangeliwa. Na kuhusu akili, mwaka 2023 ilidaiwa kwamba ubongo wake ulikuwa na chembe nyingi kama za nyani, dai lililoshika vichwa vya habari dunia nzima. Mwaka uliofuata kundi la wataalamu likalipinga na kumrudisha karibu na mamba. Sikusikia makelele kama yale ya kwanza.

Inafaa pia kukumbuka kwamba mwili huo wote uliugua. Sue alikuwa na mbavu zilizovunjika zikaunga, na uchunguzi uliochapishwa mwaka 1997 ulikuta katika mkono wake dalili za jongo, ugonjwa ule ule unaowasumbua wazee wanaopenda nyama nyekundu. Kiswahili kina methali isemayo kwamba nguvu za mamba ni maji. Waliotunga methali hiyo walijua kwamba uwezo wa mnyama haukai ndani ya mnyama peke yake, bali hutegemea mahali alipo na kazi anayoifanya, na hilo kwa maoni yangu ni wazo la kisayansi kuliko sentensi nyingi tunazoziandika siku hizi kwa jina la sayansi.

Najua pingamizi litakalotolewa. Kuna wahadhiri na wanafunzi watakaosema: kani, tungamo, kanieneo, wenzo, nani nchini Kenya anayajua? Fizikia yetu inafundishwa kwa Kiingereza kuanzia shule hadi chuo, na mwanafunzi wa Kiswahili akiandika "kanieneo" atahitaji tanbihi ndefu kuliko sentensi. Pingamizi hili lina uzito, na anayelipuuza hajawahi kuandikia hadhira halisi. Lakini tazama linakotupeleka. Istilahi haijulikani kwa kuwa haitumiki, na haitumiki kwa kuwa haijulikani, na sisi ambao kazi yetu ni lugha tumekaa katikati ya duara hilo tukiandika tasnifu ya ishirini juu ya riwaya ile ile. Katiba ya mwaka 2010 ilikifanya Kiswahili kuwa lugha rasmi pamoja na Kiingereza. Lugha rasmi isiyoweza kutofautisha kani na kasi itafaa kwa hotuba tu. Isitoshe, msomaji wa makala haya amekutana na maneno hayo manne na, natumaini, hakuhitaji tanbihi hata moja. Neno hufundishwa kwa kutumiwa mahali ambapo lina kazi ya kufanya. Mkasi wa fundi ulitosha kulieleza wenzo.

Wageni kwa upande wao wamekwisha kukiingiza Kiswahili katika taaluma hii bila kutusubiri. Miongoni mwa dinosau wa Tanzania yumo Shingopana, aliyetangazwa mwaka 2017, na Mnyamawamtuka moyowamkia wa mwaka 2019, aliyepewa jina la mto Mtuka na la umbo la moyo linaloonekana katika mifupa ya mkia wake. Mwaka huo huo wa 2019, Matthew Borths na Nancy Stevens walimtangaza mla nyama mkubwa wa Kenya, si dinosau bali mnyama anyonyeshaye, ambaye taya lake lilichimbuliwa Meswa Bridge magharibi mwa nchi na kukaa miaka mingi katika droo ya Makumbusho ya Kitaifa jijini Nairobi. Wakamwita Simbakubwa kutokaafrika. Mwanafunzi wa mwaka wa kwanza ataona kwamba ngeli ya A-WA inadai "simba mkubwa," na kwamba upatanisho umeachwa njiani. Waliounda Shingopana na Mnyamawamtuka hawakuteleza hivyo. Ataona pia kwamba mnyama huyo hakuwa simba wala jamaa ya simba. Lakini kanuni za kutaja viumbe haziruhusu jina lisahihishwe kwa sababu ya sarufi ya Kiswahili, na kwa hiyo litadumu.

Kilichonisikitisha zaidi ya upatanisho ni jinsi tulivyompokea. Watafiti walieleza wazi kwamba makadirio ya tungamo lake hutofautiana mno kulingana na kanuni inayotumiwa, kuanzia kilo 280 hivi, ambaye ni simba mkubwa wa kawaida, hadi zaidi ya kilo 1,500. Taarifa karibu zote zilizomfikia msomaji wa kawaida zilichukua tarakimu la juu, zikaongeza "jitu" na "nguvu za kutisha," zikaishia hapo. Hakuna aliyeeleza kwa Kiswahili kwamba tofauti hiyo inatokana na swali moja: je, mnyama huyo alikuwa na kichwa kikubwa juu ya mwili wa kadiri, au kila kiungo chake kilikuwa kikubwa kama taya lake? Swali hilo linaweza kuandikwa kwa Kiswahili cha kawaida katika aya moja, na limebaki wazi kwa yeyote katika chama hiki atakayekwenda kumtazama Simbakubwa pale Nairobi akiwa na daftari.

Kwa upande wa istilahi za wanyama wa kale, napendekeza jarida letu litumie "kisukuku" kwa masalia yaliyogeuka jiwe, "dinosau" bila kiambishi cha wingi na kwa upatanisho wa A-WA, na "mng'ato" kwa tendo la kuuma linalopimwa, ili "kuumwa" libaki la wagonjwa. Neno la mnyama awindaye na kula mizoga vilevile sijalipata. "Mla nyama" ni pana mno na "mwindaji" humnyima nusu ya chakula chake. Mwenye neno alilete katika toleo lijalo.